Mnara wa kengele kumi: nilivyomjua Julia Morgan

Mwaka jana, kwenye jengo la ghorofa mbili ninalolisimamia, nilimkuta fundi amefunga ringi za nguzo, zile pete za chuma zinazozizunguka nondo, kwa nafasi ya sentimita 30. Mchoro unasema 15. Nikatoa futi kamba, nikaiegemeza kwenye nondo, nikamwita aje asome mwenyewe. Akasoma. Kisha akaniambia kwa upole kabisa, maana ni mtu mzima na ananiheshimu, "Dada injinia, kwani hapa kwetu kuna tetemeko?"

Mimi ni mzaliwa wa Bukoba. Tarehe 10 Septemba 2016, Jumamosi alasiri, nilikuwa chuo, mbali na nyumbani, simu ikaanza kuita mfululizo. Watu zaidi ya kumi walifariki siku ile, na nyumba zilizoanguka au kupasuka zilikuwa nyingi mno. Ya shangazi yangu ilikuwa mojawapo. Gebo lote, ule ukuta wa pembetatu chini ya paa, liliangukia sebuleni, juu ya makochi ambayo dakika kumi kabla yalikuwa yamekaliwa na wajukuu. Nilipofika wiki ile nilikaa nje nikiutazama ule ukuta. Matofali mazuri, yaliyochomwa yakaiva, yamepangwa kwa mkono wa fundi anayejua kazi yake. Lakini nyumba haikuwa na renta, yaani mkanda wa zege la nondo unaozunguka juu ya kuta. Hakuna kitu kilichozifunga kuta zikashikana kama mwili mmoja, kwa hiyo ardhi ilipotikisika kila ukuta ulienda njia yake.

Kwa hiyo fundi wangu hakujua amemuuliza nani. Tulizifungua ringi zote za nguzo zile, tukaanza upya.

Nayasimulia haya kwa sababu ndiyo yaliyonifikisha kwa Julia Morgan, msanifu majengo wa Marekani. Baada ya Bukoba nilianza kusoma chochote nilichokipata kuhusu majengo na matetemeko, na katika kusoma nikakutana na picha ya mnara mmoja wa kengele huko Oakland, California. Mnara mpana, wa rangi ya mchanga, una matao na paa la vigae. Chini ya picha paliandikwa kwamba ulijengwa mwaka 1904, kwa zege la nondo, na mwanamke. Nilirudia ule mstari mara mbili. Mwaka 1904!

Julia Morgan alizaliwa San Francisco tarehe 20 Januari 1872, akakulia Oakland, ng'ambo ya ghuba. Nyumbani kwao hawakuwa watu wa shida. Utajiri ulitoka upande wa mama, ambaye baba yake alikuwa mfanyabiashara wa pamba. Mume wa binamu mmoja wa familia, Pierre LeBrun, alikuwa msanifu majengo New York, na msichana yule alipata kuona mapema kwamba nyumba huanza kwenye karatasi. Akaingia Chuo Kikuu cha California pale Berkeley, akasoma uhandisi wa ujenzi, akahitimu 1894. Chuo hakikuwa na kozi ya usanifu majengo wakati huo. Mimi naona hiyo ilikuwa bahati yake, ingawa hakuna aliyeipanga. Wasanifu wengi wa zama zake walijifunza kwanza kuchora uso wa nyumba. Yeye alijifunza kwanza mzigo unatoka wapi na unakwenda wapi.

Pale Berkeley kulikuwa na mwalimu wa uchoraji anaitwa Bernard Maybeck, msanifu mwenyewe, na yeye ndiye aliyemwambia aende Paris, kwenye shule ya École des Beaux-Arts. Kwa wasanifu wa dunia ile hapakuwa na pengine pa juu zaidi ya hapo. Tatizo ni kwamba shule ile haikuwa ikipokea wanawake. Julia alienda hivyo hivyo. Alifika Paris mwaka 1896, akajiunga na karakana ya msanifu Marcel de Monclos, akaanza kujiandaa kwa mtihani ambao hakuwa na ruhusa ya kuufanya.

Mwaka uliofuata ruhusa ikatoka. Hapa nataka tutulie kidogo, maana kipande hiki hupitwa haraka. Mtihani wa kwanza walijitokeza watahiniwa 376. Nafasi zilikuwa 30. Julia akawa wa 42. Kwa mgeni, mwanamke wa kwanza kukaa kwenye chumba kile, anayefanya mtihani kwa Kifaransa na kwa vipimo vya mita huku amekulia kwenye futi na inchi, namba 42 kati ya 376 si aibu hata kidogo. Akarudia. Mara ya pili akakosa tena, na kwa maelezo yake mwenyewe aliambiwa kwamba maksi zake zilipunguzwa kwa makusudi kwa sababu majaji hawakutaka kuwapa moyo wasichana. Akarudia mara ya tatu, mwaka 1898, akawa wa 13. Wakampokea.

Na bado kulikuwa na saa inayomkimbiza. Mwanafunzi akitimiza miaka 30, shule ilikuwa imemalizana naye, amefuzu au hajafuzu. Julia aliingia akiwa na miaka 26. Kazi ambayo wengine waliifanya kwa miaka mitano au zaidi, yeye alilazimika kuibana katika miaka mitatu na ushei. Aliipata hati yake mwanzoni mwa 1902, akiwa anagusa umri wa kufungiwa mlango. Mwanamke wa kwanza kufuzu usanifu majengo kwenye shule ile.

Alirudi California mwaka huo huo. Akaajiriwa na John Galen Howard, msanifu aliyekuwa akisimamia ujenzi wa chuo cha Berkeley, akashiriki kwenye jengo la uchimbaji madini na kwenye ukumbi wa wazi wa mtindo wa Kigiriki uliofunguliwa 1903. Inasimuliwa kwamba Howard alijisifu kwa mwenzake kuwa amepata mchoraji hodari ambaye hamlipi karibu chochote kwa kuwa ni mwanamke. Nimefanya kazi za mkataba za namna hiyo. Najua unavyojisikia siku unayogundua aliyekaa meza ya pili yako analipwa mara mbili kwa kazi hiyo hiyo. Julia aliweka akiba yake, mwaka 1904 akapata leseni ya usanifu ya jimbo la California, wa kwanza miongoni mwa wanawake, akafungua ofisi yake.

Sasa mnara.

Chuo cha wanawake cha Mills, Oakland, kilikuwa kimepewa kengele kumi zilizosubuliwa kwa ajili ya maonesho makubwa ya Chicago ya mwaka 1893. Kwa miaka hazikuwa na pa kutundikwa. Julia akapewa kazi ya kuzijengea mnara, na akaamua kuujenga kwa zege la nondo, futi 72 kwenda juu, yaani kama mita 22.

Leo kila mtaa una fundi anayesuka nondo, kwa hiyo ni rahisi kutoona uzito wa uamuzi ule. Zege la nondo lilikuwa bado teknolojia changa. San Francisco ilikuwa na bahati ya kuwa na Ernest Ransome, aliyesajili haki ya nondo ya kusokotwa mwaka 1884 na kujenga daraja dogo la zege la nondo kwenye bustani ya Golden Gate mwaka 1889. Hata hivyo watu wengi waliliona zege kuwa kitu cha viwanda, maghala na misingi. Jengo la heshima lilikuwa la mawe au matofali. Kumwamini dada wa miaka 32, mwenye leseni mpya, akaning'inize kengele kumi nzito juu ya kitu kilichomwagwa kikiwa uji, kulihitaji moyo kwa pande zote mbili.

Anayefanya kazi hii anajua zege peke yake lina nguvu gani na udhaifu gani. Ukilikandamiza, linastahimili sana. Ukilivuta au kulipinda, linapasuka kama biskuti. Nondo ndiyo inayobeba kule kuvutwa, na ringi ndizo zinazoshika nondo za wima zisitawanyike na zege la ndani lisimwagike pale nguzo inapoyumbishwa. Tetemeko halifanyi kingine ila kuyumbisha. Nguzo iliyozoea mzigo wa juu kwenda chini ghafla inasukumwa ubavuni, inarudishwa, inasukumwa tena, mara nyingi kwa sekunde chache. Ukuta wa matofali usio na kitu ndani hauna cha kujibu. Ule mnara ulikuwa na cha kujibu.

Tarehe 18 Aprili 1906, saa 11:12 alfajiri, ardhi ya San Francisco ilipasuka. Mabomba ya maji yakakatika, moto ukashika, ukawaka siku baada ya siku. Watu zaidi ya 3,000 walikufa na majengo kama 28,000 yakaangamia. Ofisi ya Julia mwenyewe iliungua na michoro yote ndani. Ng'ambo ya ghuba, mnara wa Mills ulikuwa umesimama na kengele zake zote kumi, hauna ufa.

Nilipoisoma habari hiyo mara ya kwanza nilimkumbuka shangazi yangu akiokota vigae vya paa kutoka kwenye kochi.

Baada ya tetemeko watu walimtafuta yeye. Kilimani Nob Hill kulikuwa na hoteli ya Fairmont, ilikuwa karibu kufunguliwa moto ulipoila ndani. Kuta za nje zilisimama, lakini ndani nguzo za chuma zilikuwa zimepinda kwa joto na sakafu zimedidimia. Kazi ya namna hii wengi huikimbia. Kujenga upya kwenye kiwanja kitupu ni rahisi kuliko kuingia ndani ya jengo lililojeruhiwa na kusema hii nguzo itabaki, hii itatoka, na wakati inatoka mzigo wake utashikwa na mirunda hii hapa. Julia aliifanya. Aprili 1907, mwaka mmoja tu baada ya tetemeko, hoteli ikafunguliwa. Inapokea wageni mpaka leo.

Alikuwa mfupi, mwembamba, anavaa suti nyeusi ya sketi, blauzi nyeupe na kofia. Kwenye jengo alipanda jukwaa la mafundi mwenyewe, na waliomjua walisimulia kwamba alikuwa akivaa suruali chini ya sketi kwa ajili hiyo hiyo. Kazi mbovu aliivunjisha. Mtu akinieleza habari za msanifu mkubwa, swali langu la kwanza huwa ni kama anafika saiti, maana nimewaona wanaosaini michoro na kuiacha ijitetee yenyewe mbele ya fundi aliyepungukiwa na nondo siku ya Ijumaa. Kwa huyu sina wasiwasi.

Idadi ya majengo aliyoyasanifu inazidi 700. Siwezi kuyapitia, na mengi ni nyumba za kawaida za familia, zilizotulia, zenye mwanga wa kutosha jikoni. Lakini nitataja kanisa moja. Waumini wa Mtakatifu Yohana, Wapresbiteri wa Berkeley, hawakuwa na pesa. Julia akawajengea kanisa la mbao kati ya 1908 na 1910, na kwa kuwa bajeti haikufika kwenye kuziba kuta kwa ndani, akaziacha nguzo za mbao za kuta wazi, zionekane. Zile mbao ambazo kwa kawaida hufichwa zikawa ndizo pambo. Nimezitazama picha zake muda mrefu. Ubao uko wima, umepangwa kwa nafasi sawa, mwanga wa dirisha unaingia katikati yake, na huoni popote palipokosa kitu. Kwa hali zetu, ambapo mteja huja na pesa ya msingi na kuta akasema paa Mungu atajalia, kanisa lile lina mengi ya kutufundisha kuliko kasri lolote.

Na sehemu kubwa ya kazi yake ilikuwa ya wanawake wenzake. YWCA, chama cha Kikristo cha wanawake vijana, kilimpa majengo mengi: kambi ya Asilomar kando ya bahari kuanzia 1913, jengo la Honolulu la mwaka 1927, lile la mtaa wa Wachina San Francisco la mwaka 1932, ambalo leo ni makumbusho ya historia ya Wamarekani wenye asili ya China. Haya yalikuwa mahali pa msichana aliyetoka mbali kuja mjini kutafuta kazi, apate kitanda salama, bwawa la kuogelea, chumba cha kusoma. Phoebe Hearst, mama tajiri aliyekuwa mfadhili wa Berkeley na wa YWCA, ndiye aliyemfungulia milango mingi.

Mtoto wa mama huyo ndiye aliyempa kazi ambayo dunia inamjua kwayo. William Randolph Hearst, mwenye magazeti, alirithi ardhi kubwa ya San Simeon mama yake alipofariki Aprili 1919. Familia ilikuwa imezoea kwenda huko kupiga kambi kwenye mahema. Hearst alimwendea Julia ofisini akamwambia amechoka na mahema, anataka kitu cha starehe kidogo zaidi. Kile kidogo kikachukua miaka 28. Nyumba kuu peke yake ina vyumba 115, juu ya kilima cha futi 1,600, na pembeni yake kuna nyumba tatu za wageni ambazo kila moja ingetosha kuwa jumba la mtu.

Nitasema wazi kwamba kasri lile halinivutii. Limejaa dari na meko na sanamu zilizonunuliwa Ulaya kwa meli, na tajiri aliyebadili mawazo kila alipoamka. Bwawa la Neptune lilijengwa, likavunjwa, likapanuliwa, likavunjwa tena. La mwisho linachukua maji zaidi ya lita milioni 1.3. Kinachonivutia ni kazi iliyo chini ya mapambo. Saruji na chuma vilikuja kwa meli mpaka gati ndogo, vikapandishwa mlimani kwa malori kwenye barabara waliyoichimba wenyewe. Fremu yote ni zege la nondo, kwa sababu California ni ile ile ya 1906. Na msimamizi alikuwa anakaa San Francisco. Mwisho wa wiki Julia alipanda treni ya usiku mpaka San Luis Obispo, akachukua teksi kilomita kama 70, akafanya kazi na mafundi na Hearst, kisha akarudi kwa treni awahi ofisini Jumatatu. Alifanya hivyo miaka na miaka, huku ofisi ikiendelea na wateja wengine kadhaa.

Mwaka 1932 alifanyiwa upasuaji wa sikio uliomharibia mshipa wa uso na uwezo wa mwili kujisawazisha. Uso ukapinda, kutembea kukawa kwa kuyumba. Aliendelea kupanda majukwaa. Hapa moyo wangu unagawanyika, maana kama angekuwa dada yangu ningemkataza.

Ofisini kwake waliofanya kazi walikula naye kilichopatikana. Alibakiza cha kuendeshea ofisi na cha kuishi, faida akaigawa kwa wafanyakazi. Aliwachukua na kuwafundisha wanawake wachoraji wakati ambapo ofisi nyingine hazikuwataka. Hakuchanganya kazi na matangazo; hakupenda mahojiano wala mashindano, alitaka majengo yaongee. Alipofunga ofisi mwaka 1951 nyaraka nyingi ziliharibiwa. Kwa mtu wa kazi yangu hilo linauma. Ningetoa mshahara wa mwezi kuiona karatasi moja ya hesabu za ule mnara, kwa mwandiko wake, na makosa aliyoyafuta.

Alifariki tarehe 2 Februari 1957, akiwa na miaka 85. Mwaka 2014, miaka 57 baadaye, Taasisi ya Wasanifu Majengo ya Marekani ilimpa medali yake ya dhahabu. Medali hiyo imetolewa tangu 1907. Julia alikuwa mwanamke wa kwanza kuipata, na wakati wanaitangaza hakuwepo ndugu wa rika lake hata mmoja wa kumpigia simu.

Picha ya mnara ninayo kwenye simu. Juzi, mapumziko ya chai, nilimwonesha yule fundi wa ringi. Aliipokea simu kwa mikono miwili kwa sababu ilikuwa na vumbi la saruji, akaikuza picha kwa vidole, akaenda mpaka kwenye matao ya juu.

"Zile ni kengele?"

"Kengele kumi."

"Kumi kweli?"

"Kumi kweli."

Akanyamaza, akawa anahesabu. Kisha akauliza kila moja inaweza kuwa na uzito gani, na zikipigwa zote kwa pamoja zinayumba upande upi. Nikamchorea kwenye kipande cha mfuko wa saruji: kengele, boriti inayozibeba, nguzo, na mishale ya mzigo ikishuka na ile ya kusukuma ikitoka ubavuni. Akanyang'anya kalamu, akaziongeza ringi mwenyewe, zimekaribiana kabisa pale nguzo inapokutana na boriti. Chai yake ikapoa kwenye kikombe.